Karani Aliyetutangazia Mpira

Karani Mahfudhi alikufa mwezi uliopita huko Lindi, nami nilikwenda kumzika. Niseme kweli yangu, sikwenda kwa huzuni. Nilipanda basi kutoka Kivinje na magoti yangu haya mabovu kwa sababu nilitaka kuhakikisha. Nikakaa mkekani na wanawake wenzangu, nikala wali wa msiba nikashiba, na jeneza lilipokuwa linataka kutoka, mjukuu wake, kijana mwenye adabu zake, akasimama mlangoni kwetu. "Mama zangu, bibi zangu, shikamooni. Babu anaondoka. Kama kuna yeyote ambaye babu alimkosea, tunamwombea radhi, msameheni." Wenzangu wote wakaitikia, "Tumemsamehe, Mungu amsamehe." Mimi nikasema, "Nimesikia." Mwanamke aliyekaa ubavuni kwangu akageuka kunitazama, akadhani labda masikio yangu yamekwisha kazi. Masikio yangu ni mazima hadi leo, na hayo ndiyo yaliyonitia katika mambo haya.

Mwaka ninaousema nilikuwa na miaka kumi na tisa, na Mwingereza alikuwa bado anatutawala. Nilikuwa nimerudi Kivinje baada ya miaka mitatu ya kulea watoto wa daktari mmoja wa Kizungu kule Lindi. Yule daktari alikuwa mgonjwa wa mpira. Kila Jumamosi alasiri alijifungia sebuleni na redio yake akisikiliza timu za kwao, mtoto mchanga mimi nimembeba mgongoni, na kila mpira ukiingia aliruka juu na kunieleza mimi, maana mkewe hakutaka hata kusikia. Kwa hiyo Kiingereza changu nilikipata hivyo: nepi, uji, dawa ya kikohozi na mpira. Kuandika barua sikuweza. Lakini mtangazaji akisema mpira umetoka kona, umepigwa kichwa, kipa ameupangua, nilimwelewa kama ninavyomwelewa muadhini. Sikumwambia mtu. Nani angeuliza? Nilikuwa msichana wa jikoni kwa shangazi yangu, Bi Tatu, mjane, mpika vitumbua.

Shangazi alikuwa na redio aliyoachiwa na marehemu mumewe, na nyumba yake nzima iliishi kwa ajili ya redio ile. Watoto wa siku hizi wanabonyeza tu. Sisi kusikiliza mpira ilikuwa kazi ya asubuhi hadi jioni. Redio yenyewe iliwekwa chumba cha mbele, juu ya meza karibu na dirisha la barazani. Betri yake, kubwa kama tofali mbili, ilikaa upande wa pili wa ukuta wa mbao, ndani ya ghala letu la unga na nazi, kwa sababu chumba cha mbele kilipigwa na jua na marehemu alisema joto linaua betri. Nyaya zilipita kwenye tundu la ukuta. Waya mwingine ulipanda juu ya mlingoti uliofungwa paani, na mwingine ulishuka hadi kwenye chuma kilichochimbiwa uani, na chuma hicho ardhi yake ilitakiwa iwe mbichi, la sivyo redio inakwaruza. Kunywesha chuma maji ilikuwa kazi yangu. Ndoo mbili kabla ya mechi, ndoo moja wakati wa mapumziko. Nimepika, nimefua, nimelea watoto wa watu, lakini kazi ya kukinywesha chuma maji kama mbuzi naona niliifanya mimi peke yangu katika pwani hii.

Ili betri isiishe haraka, sauti ilifunguliwa kidogo sana. Mtu mmoja tu ndiye aliyekaa ndani, sikio kwenye redio, mdomo dirishani, akiwatangazia wanaume waliojaa barazani na barabarani. Maana mpira wa timu ya Dar ulitangazwa kwa Kiingereza, nasi tulihitaji mtu wa kutufasiria. Mtu huyo alikuwa Karani Mahfudhi, karani katika ofisi moja ya serikali, kanzu imepigwa pasi, kalamu mfukoni. Hapo nje mbele ya dirisha alitandikiwa mkeka Mzee Chande, fundi viatu, naye alichora kiwanja kwa chaki na kupanga korosho: mbichi zenye maganda ni timu yetu, zilizobanguliwa ni wageni. Karani akisema mpira uko kulia, Mzee Chande anasukuma korosho kulia. Golikipa wetu alikuwa simbi moja nyeupe, ganda la kuokota ufukoni, na simbi ile watu waliipenda, kwa sababu golikipa wa timu ya Dar mwaka ule alikuwa kijana wa Kivinje, Shabani, kaka yangu.

Na Karani alilishwa! Mechi ya kwanza, tuliyocheza na Mombasa, nilimpikia pweza wa nazi na mkate wa kumimina, na birika zima la chai ya tangawizi. Alikula katikati ya matangazo, watu wakimsubiri ameze. "Shabaniii! Ameruka! Ameupangua! Jamani huyu si mtu, ni popo!" Barazani wanaume walikumbatiana. Nami ghalani, nimekaa juu ya gunia, sikio kwenye lile tundu la nyaya, namsikia Mzungu wa redioni kwa sikio moja na Karani kwa la pili, na nasema kweli, siku ile alifasiri vizuri kupita alivyosema Mzungu mwenyewe. Nilijisikia fahari. Hata yeye nilimpenda kidogo, Mungu anisamehe mimi, kama yeye hatasamehewa.

Baada ya mechi ile alileta posa. Alikwisha kuacha wake wawili, na wa pili alimwacha kwa sababu eti anacheka sana. Shabani alikuwa amekuja nyumbani kwa likizo ya siku chache, na kwa kuwa baba hayupo duniani, posa ilifika kwake. Angeweza kujibu kistaarabu. Lakini kaka yangu alikuwa na ulimi. Akasema pale pale barazani, mbele ya wazee na mshenga, "Mwambieni Karani, dada yangu si shati la mtumba, avae miezi miwili arudishe." Lo! Watu walicheka hadi wakashika mbavu. Mimi pia nilicheka, huko nyuma ya mlango. Karani alikuwa amekaa duka la jirani, na kicheko kile alikisikia chote. Shabani akarudi Dar, naye Karani akaendelea kupita kwetu akiniamkia vizuri, "Hujambo, binti," na tabasamu lake. Nami mjinga nikasema, kumbe mtu muungwana.

Ikaja mechi ya pili, na timu moja ya Nairobi. Nilikwisha kukinywesha chuma, nimepika, nimekaa juu ya gunia langu. Dakika za mwanzo tu, Mzungu akapandisha sauti: kipa wa Dar ameruka kushoto, ameutoa mpira uliokuwa unaingia, kazi nzuri ajabu. Na papo hapo nikamsikia Karani dirishani: "Beki ameokoa! Shabani amepitwa, amesimama tu, beki ndiye aliyeokoa!" Nikadhani hakusikia vizuri. Ikaja ya pili, Mzungu anamsifu Shabani, Karani anasema Shabani ameteleza. Ikaja ya tatu. Kisha akatoa lile jambo lenyewe. "Jamani, sijui niseme au ninyamaze. Mtangazaji anasema kipa wa Dar leo anayumba. Anasema wachezaji wenzake wanamkwepa, ananuka pombe." Mzungu wakati huo, wallahi, alikuwa anaeleza habari za mvua.

Uongo wake ulikuwa uongo wa fundi. Magoli hakuyagusa, kwa sababu gazeti lingefika baada ya wiki na watu wangejua. Tulitoka sare, moja kwa moja, naye akasema moja kwa moja. Alichogeuza ni nani alifanya nini, na hilo gazeti haliandiki. Nilipochungulia kwenye ufa wa mlango niliona watu wote wameinamisha vichwa, na Mzee Chande ameichukua ile simbi, anaitazama kiganjani kama kitu kilichooza. Karani akaomba aongezewe pweza. Nikamwongezea! Mikono yangu hii ikamtilia pweza na mchuzi, nikamwekea mbele yake, naye akasema, "Pole, binti. Ndugu ni ndugu hata akiharibika."

Jioni ile nilimwambia shangazi. Alikuwa anahesabu vijiko. Akaacha, akanitazama kuanzia kichwani hadi miguuni. "Wewe? Kiingereza chako cha kufulia nepi ndicho kitamsahihisha Karani?" Nikamwambia, "Shangazi, nilisikia. Anaongopa." Akasema, "Hata kama. Karani akisusa, nani atatutangazia? Na wasipokuja watu, vitumbua vyangu nimuuzie nani, kuku?" Kisha akashusha sauti, maana hakuwa mtu mbaya, "Mwanangu, wewe ni dada yake. Ukisema, watasema unamfichia aibu." Na hilo lilikuwa kweli. Huo ndio mtego wa Karani, nilikuwa mtu pekee mjini aliyejua, na mtu wa mwisho ambaye angeaminiwa.

Mji ulimgeukia Shabani ndani ya wiki moja tu. Waliokuwa wakiniita dada wa kipa sasa walinyamaza nikipita. Na kulikuwa na jambo zito kupita maneno ya njiani. Shabani alikuwa ameposa kwa Mzee Abdalla, na binti yake Mwanahawa alikwisha kuanza kushonewa nguo, harusi baada ya mfungo. Siku moja nikiwa ninawapelekea chai, nilimsikia Mzee Abdalla akimwambia shangazi sebuleni, "Bi Tatu, mimi sina ugomvi na kijana. Lakini mlevi simpi mwanangu. Nitasikiliza mechi hii inayokuja kwa masikio yangu. Nikisikia tena habari hizo, posa nairudisha kesho yake." Kwa masikio yangu! Masikio yake yalikuwa mdomo wa Mahfudhi. Sikumwandikia kaka yangu. Mechi ile ya tatu ilikuwa ya kumaliza mashindano, tena na Nairobi, na sikutaka aingie kiwanjani kichwa chake kiko huku. Niliamua kulimaliza mwenyewe. Sitajipamba hapa nikasema nilitaka haki tu. Nilitaka nimwone Mahfudhi analia mbele za watu. Nilikuwa nalala na wazo hilo na kuamka nalo, na lilikuwa tamu.

Siku ya mechi nilimpikia kama bwana harusi. Biriani. Shangazi alishangaa akadhani nimetulia. Saa kumi na nusu alasiri barabara ilijaa hadi ng'ambo, Mzee Abdalla amewekewa kiti karibu na dirisha, Mzee Chande kwenye mkeka na korosho zake. Kipindi cha kwanza kaka yangu alicheza mchezo ambao sijapata kuusikia tena. Mzungu alikwisha kukosa maneno. Alisema kipa huyu ana mikono mingapi. Na Karani, mdomo umejaa nyama, "Anayumba tena! Ameshika mwamba asianguke!" Dar tukapata goli, akalisema, watu wakashangilia kinyonge. Kipindi cha pili kikasonga, bado moja bila. Ikiwa imebaki kama robo saa nikamsikia Karani akisema, kwa sauti ya huruma, huruma kabisa, "Jamani, sasa mabeki wanamshikilia. Wanamshikilia kipa wao kama mgonjwa." Na Mzee Abdalla nikamsikia anasema, "Basi. Yatosha." Kiti kikakwaruza sakafuni. Alikuwa anasimama aondoke.

Nilikuwa nimekwisha kushika waya wa betri. Mzungu kule ndani sauti yake ikapanda ghafla, kuna jambo, nikajua kabisa kuna jambo, lakini sikungoja. Nilivuta. Redio ikafa pale pale, hata mkwaruzo hakuna. Nikasimama gizani ghalani, namngoja Karani aseme redio imekatika. Hapo ndipo penyewe. Mtu mwenye haya angesema, jamani, imekatika. Kimya kikapita, nikahesabu mpaka saba. Kisha nikamsikia, "Nairobi na mpira... wanakuja... Shabani yuko chini, amelala kama gunia... wanapiga... umegonga mwamba! Mwamba umetuokoa! Si Shabani, ni mwamba!"

Nikaikumbatia ile betri kifuani, nzito kama mtoto wa miaka mitatu, nikatoka mlango wa uani, nikapita uchochoroni, nikatokea mbele. Kichwa wazi, nimesahau hata kujitanda. Watu walinipisha kwa mshangao. Karani alikuwa amefumba macho, sikio kwenye redio, anatangaza. Nikaiweka betri juu ya mkeka, katikati ya korosho, nikasema kwa sauti ambayo sikujua ninayo, "Karani! Hiyo redio unayoisikiliza inakula nini? Chakula chake hiki hapa!"

Alifumbua macho. Nasema kweli, nimeshapata watoto watano na kwenda Hija, lakini uso ule ni mmoja wa vitu vitamu nilivyoonyeshwa duniani. Akasema, "Binti, wewe huelewi mitambo, ina akiba yake ndani." Mzee Abdalla aliingia ndani, akamsogeza Karani kwa kiwiko, akaweka sikio kwenye redio. Akakaa hivyo kitambo. Akatoka barazani, akasema, "Imekufa kama jiwe." Kisha akamgeukia, polepole, "Mahfudhi, huo mwamba umegongwa wapi?" Nikawaambia yote, ya mechi ya pili na ya ile, neno kwa neno alivyosema Mzungu na alivyosema yeye. Kijana mmoja akanijaribu, akaniuliza Kiingereza chake kikoje, nikamwigizia yule mtangazaji, sauti ya puani, kasi yake yote. Ala! Walipasuka kwa kicheko. Wakaanza kumzomea. Mzee Chande, mtu mpole asiyeua hata sisimizi, ndiye aliyerusha korosho ya kwanza. Karani alitoka na kanzu yake imejaa mchuzi, na mzomeo ukamsindikiza hadi kwake. Hakulia. Hilo tu ndilo nililopunjwa.

Aliomba uhamisho, akaenda Lindi. Nilimfuata hata huko. Kila nilipokwenda sokoni Lindi, nikimwona, nilipaza sauti kwa heshima zote, "Shikamoo Karani, mpira umefikia wapi?" Nilimuuliza siku ya harusi yake. Nilimuuliza pale Mingoyo, akiwa na wageni wake kituo cha basi, na wageni wakamuuliza mpira gani. Nilimuuliza akiwa na mkongojo. Watu wanaosema kisasi ni kitu kichungu hawajakila. Mimi nimekila miaka hamsini na kitu, na kila mara kilikuwa na ladha.

Lakini sijamaliza. Baada ya wiki mbili Shabani alirudi. Dar walikuwa wametwaa kombe, gazeti lilikwisha kufika, likasema moja bila, na kwamba mwishoni Nairobi walipata penalti, kipa akaidaka. Mstari mmoja tu. Kaka yangu alifika mkono wa kulia umefungwa bendeji, vidole viwili vimevunjika, daktari amemwambia hatadaka tena. Alikuwa na furaha hivyo hivyo. Mzee Abdalla alimpokea barazani, akamshika ule mkono mzima, akamwomba radhi na kumweleza, harusi ikapangwa siku ile ile. Shabani alicheka habari za betri hadi akalala chini. Kisha tukabaki wawili uani, nimempakulia wali na kuku, anakula kwa mkono wa kushoto kijiko kikimpiga chenga. Akaniambia, "Niliposimama golini kwa ile penalti, nilikuwa nawaona. Wallahi. Nilimwona shangazi, na Mzee Chande na korosho zake. Nikasema, Kivinje wananisikiliza. Ilikuwa imebaki robo saa hivi. Ikawaje hapa? Walisemaje?"

Nikamwongezea kuku. Akaacha kijiko.

"Walikuwa wanamzomea Karani," nikasema.

"Dakika zile zile?"

"Zile zile."

"Hata wewe hukusikia?"

"Betri nilikuwa nayo mimi."

Akanitazama sana. Hakukasirika, na afadhali angekasirika. Alisema, "Haidhuru, Somoe, umeniokolea mke," akarudi kwenye wali wake. Mwanahawa alimzalia watoto sita, wakakaa vizuri, na vidole vile viwili havikukunjika tena maisha yake yote. Kwa miaka mingi nilimwomba anisimulie penalti ile. Jinsi mpigaji alivyokuja, jinsi alivyojua. Nilimwomba kwenye harusi za wanawe, nilimwomba hospitali alipolala mara ya mwisho. Kila mara alinijibu jambo moja, kwa upole, "Ile ilikuwa ya kusikia." Sasa wote wamekwisha, yeye na Karani, na mimi hadi leo sijui kaka yangu aliruka upande gani.